Mume Wangu Alibadilika, Nikamcheka

Mpendwa mshauri, naomba msaada wako, na ukiona nastahili kugombwa basi nigombe, kwa sababu hapa nilipo hata mama yangu mzazi nimeshindwa kumweleza.

Mimi ni msusi, nina saluni ndogo ya viti vitatu, na mume wangu ni fundi wa kuchomelea mageti na madirisha, tumejaliwa watoto watatu na binti yetu mkubwa ameanza sekondari mwaka huu. Mume wangu si mlevi, si mhuni, na hajawahi kuninyanyulia mkono, hilo nalisema wazi, lakini mdomo wake, mshauri, kutwa nzima anashinda kwenye kelele za mashine na akirudi nyumbani anaongea kama bado zinanguruma, chumvi ikizidi ni kelele, mlango ukiachwa wazi ni kelele, watoto wakisikia geti tu wanakusanya madaftari yao na kupotelea chumbani, na mimi nikawa nimezoea, namjibu "ndiyo" na "hapana", siku zinakwenda.

Sasa shoga yangu, yule tunayesuka naye saluni, alikuwa na tiketi mbili za sinema za Jumapili mchana, mumewe akapata safari, akaniachia mimi. Nilimwambia mume wangu kwa mzaha nikijua atakataa, akasema, "Twende, leo sina kazi." Filamu yenyewe inahusu baba mmoja dereva wa treni, mkali kuliko pilipili, asubuhi moja anaamka sauti imekauka, hawezi kutamka hata neno, na kwa kuwa hawezi tena kufoka anaanza kusikia, anamsikia mkewe akiimba jikoni kumbe siku zote huimba yeye akishatoka, anawasikia wanawe wakinong'onezana wasimkere, na taratibu yule mtu anageuka mbele ya macho yako, mpaka sauti inaporudi anaiogopa mwenyewe, kitu cha kwanza anachofanya nayo ni kumwita mwanawe mdogo, polepole, kama anayeonja uji wa moto. Mimi nilikuwa natafuna bisi zangu. Nikageuka kumwambia mume wangu kitu, nikamkuta analia.

"Una nini?" nikamuuliza.

"Macho ya kazi haya," akasema.

Lakini cheche zimemwingia machoni miaka yote, mshauri, na sijawahi kuona zikimtikisa mabega.

Kuanzia kesho yake nikawa naishi na mtu nisiyemjua. Alibisha hodi kwenye nyumba yake mwenyewe. Alimuuliza binti yetu anasoma nini, na mtoto kwa woga akadhani ameulizwa kosa lake, akaanza kujitetea, baba akakaa chini sakafuni akasema, "Hapana mama, nataka kujua tu." Akawa anaosha masufuria, anayaosha vibaya, masizi yote yanabaki, lakini anaosha. Siku moja nimerudi miguu imevimba, akaniambia, "Pole. Leo umeshindaje?" Mimi nikamjibu, "Kwani umeambiwa nini na nani?" Ndivyo nilivyomjibu, mshauri. Akatabasamu kidogo akasema, "Sijaambiwa na mtu."

Moyoni nikasema huyu ama ana mwanamke, ama daktari amemwambia jambo zito ananificha. Nikapekua simu yake sikuona kitu, nikampigia fundi mwenzake nikamuuliza kama anaumwa, akacheka. Siku zikapita, watoto wakaacha kukimbilia chumbani, mdogo akawa anamchana baba yake nywele kwa kitana cha saluni, na mimi badala ya kufurahi nikawa na hasira ambayo siielewi mpaka leo, nikitazama naona kama ananidhihaki, miaka yote nimemeza machungu kisha filamu ya saa mbili ndiyo inamfanya kuwa mtu, kwa hiyo mimi na wanangu hatukutosha?

Basi nikaanza kumsimulia saluni. Wateja wakawa wanafika wakiuliza, "Sinema wetu hajambo?" Hilo jina nilimpa mimi. Ijumaa moja kumejaa, nikasimama katikati, nikabana sauti nikamwigiza, "Pole mke wangu, umechoka? Njoo nikuoshee sufuria," huku napepesa macho kama mwigizaji, wanawake wakacheka mpaka mmoja akainuka kitini na nywele zilizosukwa nusu kuja kunishika asianguke. Kisha kicheko kikakatika upande wa mlangoni. Nikageuka. Mume wangu alikuwa amesimama pale amebeba kiti changu kimoja, kile kilichokuwa kinayumba nikakiweka uani, alikuwa amekichukua asubuhi bila kuniambia akakichomelea mguu na kukipaka rangi.

"Nimekitengeneza," akasema. "Rangi haijakauka vizuri, msikikalie."

Akakiweka chini akaondoka.

Nilidhani angefika nyumbani akafoka, na kusema kweli ningefurahi afoke. Alikula, akaenda kulala. Siku zilizofuata akawa haingii jikoni tena, na siku binti yetu alipomfuata na daftari lake amweleze somo, alimfokea kwa sauti ile ya zamani mpaka mtoto akadondosha glasi. Nilimwona mume wangu alivyoshtuka mwenyewe. Akainama kuokota vipande, kisha akatoka nje. Binti yangu akanigeukia akaniambia, "Mama, alikuwa anajaribu. Wewe ndiye umemrudisha." Tangu hapo ananisalimia kama anavyosalimia majirani.

Sasa amepata kazi ya mwaka mzima mji mwingine, wanajenga maghala. Nilimuuliza kwa nini aende mbali hivyo wakati kazi hapa zipo, akanijibu, "Huko kuna kelele. Sauti yangu haitamsumbua mtu." Nilitafuta ile filamu nikaiweka nyumbani aikute inaonyeshwa, alipoiona akasimama mlangoni kidogo, akachukua kofia yake akatoka. Anaondoka Jumamosi. Shoga yangu ananiambia nimwache aende, eti mtu mzima habadiliki kwa filamu, hali ile ingemwisha tu. Je, ni kweli? Na kama si kweli, nimwambie nini mtu niliyemcheka akiwa mzuri, wakati alipokuwa mbaya nilimheshimu?

Ni mimi, msusi mwenye majuto.

*

Dada msusi,

Barua yako imenifikia Jumatatu. Jumamosi imeshapita. Kama ulimwambia neno kabla hajapanda gari, nashukuru. Lakini nimeisoma barua yako mara mbili na nadhani ulimfungia chakula cha njiani, ukamuuliza kama amechukua sweta, ukasimama getini mpaka akapotea. Kama nimekosea, nisamehe.

Nianze na pole, maana pole unastahili. Mtu aliyeishi na kelele miaka yote hawezi kuamini utulivu kwa wiki chache. Kuogopa kwako hakukuwa kosa. Kushuku hakukuwa kosa. Hata ile hasira unayosema huielewi, mimi naielewa vizuri: ulikuwa unadai kuombwa radhi kwa miaka iliyopita, na yeye akawa anaosha masufuria. Ulikuwa na haki ya kumwambia, "Mume wangu, naona unavyobadilika, lakini mimi bado naumia." Hiyo ni sentensi moja. Mbona kwa wateja ulipata maneno mengi hivyo?

Hapo ndipo ninapokugomba. Jambo la chumbani mwako ulilitoa ukalianika saluni. Mwanamume mzima anajifunza kutembea upya, anayumba, anajikwaa, na wewe unamwigizia watu anavyoyumba. Usinitajie majuto kana kwamba yamekuangukia kama mvua. Ulikwenda kuyachota mwenyewe, na ndoo ukabeba.

Umeniuliza kama filamu inaweza kumbadilisha mtu. Haiwezi. Kwenye ule ukumbi mlikuwa watu wangapi? Wote mliona kitu kimoja, na wengine walitoka wakigombania teksi. Mume wako alijiona pale, basi, na kujiona kunamalizika taa zikiwashwa. Kilichofuata alikifanya kwa mikono yake, kila siku, kwa watu waliomtazama kwa jicho la pembeni. Huyo shoga yako anayesema ingemwisha tu hajui asemalo. Na yule dereva wa treni alibadilika bila kuchekwa, kwa sababu aliyeandika filamu alimpa mke mvumilivu. Mume wako alikuwa na wewe.

Usije ukamwekea ile filamu tena. Ulipoiweka ulikuwa unamwambia, "Geuka tena, niko tayari kutazama." Mtu si kanda ya kurudishwa nyuma.

Sitakudanganya kwamba mambo yatarudi. Mtu akichekwa siku aliyokuwa dhaifu, mara nyingi hataki tena kuonekana dhaifu na huyo huyo, hata akimsamehe. Huenda akarudi mwaka ukiisha akiwa mpole kwa watoto na baridi kwako. Huenda asiweze tena hata kwa watoto. Hilo utaishi nalo, na ujiandae.

Lakini yapo ya kufanya, na uyafanye. Kwanza binti yako. Usimwambie "mtoto haingilii mambo ya wakubwa." Mwambie alikuwa sawa. Hiyo ni asubuhi moja ya aibu, na itakupunguzia miaka ya kusalimiwa kama jirani. Halafu mwache ampigie baba yake anapotaka, na wewe usisimame karibu kusikiliza. Kwa wateja wako, atakayemtaja mumeo kwa lile jina, mkatishe papo hapo, hata kama ndiye anayelipa vizuri kuliko wote. Usitoe hotuba. Sema, "Nilikosea kumwita hivyo," uendelee kusuka.

Na yeye mwenyewe mpigie. Usimpigie ukilia, maana ukilia itabidi akubembeleze, na si zamu yake. Usimwombe arudi, usimwombe awe vile alivyokuwa. Mwambie ulichokiona: kwamba alikaa sakafuni akaongea na mtoto bila kumtisha, kwamba uliliona, na kwamba ulicheka kwa sababu uliogopa kuamini. Usiongeze "lakini na wewe zamani." Yako ya zamani yatapata siku yake, uyaseme akiwa amekaa mbele yako.

Piga mchana, wakati wa mapumziko, mashine zikiwa zimezimwa, asije akakusikia nusu nusu. Asipopokea, usimwandikie ujumbe mrefu. Kesho mchana piga tena.