Hodi ya Pili Mahakamani

Nyumbani, nyuma ya cherehani
Jumapili, 9 Machi

Mpendwa binamu,

Salamu nyingi kutoka kwetu. Hujambo? Wifi na watoto hawajambo? Na kile kifua chako, kimetulia? Sisi wazima. Shangazi, mama yako, goti linamsumbua kwenye ngazi, lakini ulimi wake haujambo kabisa.

Sasa kaa kitako. Tumeshinda! Tangu Ijumaa shangazi ndiye mlezi halali wa Chiriku, na yule baba yake mkubwa hawezi tena kuja kumchukua mtoto wa marehemu dada yako akamfanye yaya wa wanawe. Roho yangu imetua.

Najua utashangaa. Wewe uliniandikia kwamba ombi likishatupwa na mahakama limekufa, maji yakimwagika hayazoleki. Nami nilikuamini! Kumbe lile la kwanza halikukataliwa. Lilifutwa kwa sababu hatukufika, na tulikuwa pale pale. Shangazi alisimama mlangoni pa chumba cha hakimu akapiga hodi mara tatu. Kimya. Akanivuta tukakae kwenye benchi mwisho wa ukumbi, eti mtu mwenye adabu haingii asikokaribishwa. Huko ndani wakaita, wakaita, wakafuta.

Wakili wa msaada wa kisheria ndiye aliyetufumbua macho. Alisema kama hakimu angetusikiliza akatukatalia, tungebaki na rufaa tu. Lakini shauri lililofutwa bila kusikilizwa unaweza kulifungua upya, ukieleza kwa nini hukufika. Tukaeleza yote kama yalivyokuwa. Wakili alijikaza asicheke, akashindwa.

Mahakama ikakubali, basi Ijumaa, siku ya kusikilizwa, nikamshika shangazi mkono tuingie. Thubutu! Akapiga hodi tena. Hakimu mwenyewe akainua macho kutoka kwenye faili letu.

"Karibu, mama, karibu. Tafadhali usirudi kwenye benchi."

Chumba kizima kilicheka, shangazi naye akaingia kichwa juu kama bibi harusi.

Nisalimie wifi, wabusu watoto, na shemeji mdogo mwambie suruali yake iko tayari. Nilitaka kufunga hapa, ila kuna jambo limenitoa machozi.

Tangu ombi lile lifutwe, Chiriku wetu, msemaji asiyechoka, alinyamaza. Kila akitoka shule alipiga hodi mlangoni mwao, akasimama nje kama mgeni mpaka aambiwe karibu. Shangazi alimwitikia huku akiuma midomo. Ijumaa jioni tukamweleza kuwa haendi popote. Jana ametoka kucheza, akasukuma mlango kwa kishindo, miguu imejaa matope, akapita moja kwa moja kunywa maji. Hodi hakuna. Nikamtazama shangazi, nawe unajua anavyogomba kwa jambo hilo. Alichukua tambara akafuta matope.

Mungu akulinde huko uliko na akurudishe salama. Na siku hiyo, ndugu yangu, usipige hodi.

Nikupendaye hata usipojibu,
Binamu yako mshonaji