Nyoka wa Mama Mkwe

Jumatatu, 6 Oktoba

Korosho tena tangu asubuhi. Kuokota, kutenganisha na mabibo, kuanika. Vidole vinanata. Nina furaha ya kijinga. Wiki ya tatu ya ndoa, na Selemani akipita na ndoo begani moyo bado unaruka. Mume wangu! Naandika tena: mume wangu.

Baada ya chakula, mchezo wa nyoka. Mama mkwe ana kiswaswadu, simu ndogo ya vitufe, amekifunga mpira mfuniko usidondoke. Kila mtu zamu moja. Rekodi ni yake, 1,872, tangu Selemani yuko darasa la nne. Mimi nimepata 340.

"Huyu wa Kilwa nyoka wake anakufa bado mtoto," Mama akasema.

Wote walicheka. Mimi pia. Lakini nataka anipende. Nataka sana.

Jumatano, 8 Oktoba

610! Selemani ananifundisha. Nyoka akirefuka usimkimbize, mzungushe pembeni kama unafagia uwanja. Sikusikia nusu ya somo. Bega lake lilikuwa kwenye bega langu. Ananukia moshi na sabuni.

Mama hakusema kitu kuhusu 610.

Ijumaa, 10 Oktoba

Balaa.

Mama alikwenda shamba, akaacha simu. Nikaichukua bila ruhusa. Nikacheza huku nasuuza vyombo. Ndiyo, huku nasuuza vyombo. Nilifika 900 na kitu. Ikaniponyoka, ikazama kwenye beseni.

Nikatoa betri, nikaifunga kwenye pindo la kanga. Simu nikailaza juani, katikati ya korosho zilizoanikwa, isionekane. Nilijiona mjanja.

Saa nane wingu likatanda. Mama alikuwa amesharudi. Nikiwa chooni nikasikia anapiga kelele, watu mbio kuzoa korosho. Natoka, mkeka mtupu. Kabla sijapata nafasi ya kupekua, magunia manne yameshashonwa midomo.

Sijamwambia mtu. Hata Selemani. Aibu.

Jumamosi, 11 Oktoba

Mama alitafuta simu tangu alfajiri. Alipindua mito. Selemani akasema labda mbuzi kaila. Nilijaribu kucheka, nikashindwa. Guta la magurudumu matatu la kupeleka magunia ghalani lilikuwa linakuja saa nne.

Saa tatu nikamfuata Mama jikoni. Nikapiga magoti, nikafungua pindo, nikaweka betri mbele yake. Nikasema yote.

Mama akaigeuza betri kiganjani. Halafu, "Gunia lipi?"

"Sijui, Mama."

"Kwa hiyo rekodi yangu inakwenda kupimwa kwenye mizani."

Akachukua kisu. Hakumwita mtu. Tulikata uzi, tukamwaga, tukapekua, yeye na mimi tu. Ilikuwa gunia la tatu, karibu na chini. Mama akaipangusa kwa kanga yake, akaninyooshea kidole.

"Mumeo aliwahi kuitumbukiza kwenye mchuzi wa kisamvu. Akasema ni paka. Wewe angalau umesema ni wewe."

Akacheka mpaka akakaa chini juu ya korosho. Mimi nikalia. Kisha tukashona magunia upya, mwenye guta anasubiri na kunung'unika. Selemani akauliza kuna nini.

"Muulize paka," Mama akamjibu.

Jumapili, 12 Oktoba

Simu imewaka. Kitufe cha nane kinakwama kidogo. 1,872 ipo palepale.

Leo Mama alikuwa anacheza, mimi nachambua mchicha pembeni yake. Nyoka mrefu, karibu ajaze kioo chote. Mara uji ukaanza kufurika.

"Mwanangu, shika!"

Akaniwekea simu mkononi, nyoka anatembea, akakimbilia jikoni. Mwanangu! Sikumlisha hata punje moja. Nilimzungusha pembeni tu, taratibu, kama ninafagia uwanja. Mama akakoroga uji. Akaonja. Akaongeza sukari, akaonja tena. Hakuharakisha.

Aliporudi, nyoka alikuwa hai.