Mkono Mpya wa Mwanamke wa Pemba

Jumanne. Jua kali tangu asubuhi.

Naandika kwa sababu nisipoandika nitalia, na mama atauliza.

Filamu yangu ni ya mwanamke anayegeuka mti. Nilimfinyanga kwa pemba, ule udongo mweupe wa sokoni. Napiga picha, namsogeza kidogo tu, napiga tena. Lakini wiki mbili sasa kila nikirudi namkuta amepungua. Leo kidole, kesho sikio. Nikasema ni panya, maana pemba niliikanda na unga wa muhogo ili ishike. Mama naye akasema panya.

Basi leo asubuhi nikamwekea mkono mpya, nikaupaka sumu ya panya, nikaenda zangu kazini katikati ya mji. Nilijiona mjanja kweli.

Jana nilikuwa nimeacha kamera ijipigie picha kila dakika, nione udongo unavyokauka. Leo saa sita mchana, nikiwa kazini, nikazifungua kwenye simu. Hakuna panya. Kuna mkono wa mtu, una pete ya ndoa, unavunja kidole cha mwanamke wangu.

Yaya Georgette, dada yangu mkubwa. Wakwe zake walimrudisha kwetu mwezi uliopita: miaka saba ya ndoa, hakuna mtoto.

Na pemba, hapa kwetu, wanaoitafuna ni wanawake wenye mimba.

Halafu nikakumbuka sumu.

Nilipiga simu, haikupokelewa. Sijui hata nilifikaje nyumbani, Hewa Bora. Nilimkuta amelala, kichefuchefu kimemshika tangu asubuhi, hajagusa kitu. Ule mkono wa udongo ulikuwa bado mezani, mzima. Nilimbeba mwanamke wa pemba na kila kitu chake nikamtupa chooni, kazi ya miezi mitatu, kisha nikanawa mpaka ngozi ikauma.

Yaya alinikuta uani nikilia. Akadhani nalilia filamu. Akanishika bega.

"Unisamehe, mudogo yangu. Mimba iko miezi mbili. Usiambie mama kwanza. Ile ingine nilisema haraka, ikatoka."

Nilimkumbatia.

Sasa yuko jikoni anasonga bukari, anaimba. Sijamsikia akiimba tangu arudi. Ameahidi kuninunulia pemba nyingine, nami nimemjibu asante, yaya.

Amenipa siri yake yote. Mimi nitamwambia lini kwamba leo nusura nimuue?