Agrimenti Ilikuwa Inaombewa

Ndinda, uko? Nimetoka kortini sasa hivi na bado siamini.

Unakumbuka kesi ya shamba la Kalamba, ile anko Nyamai alishindwa mwezi jana sababu hakuwa na agrimenti, ule mkataba wa kununua shamba? Leo amerudi kwa hakimu yuleyule akitaka abadilishe hukumu. Ameingia na agrimenti mkononi, kifua mbele, ananukia mafuta ya upako.

Hakimu akamuuliza, "Mzee, hii karatasi umeitoa wapi?"

"Madhabahuni, mheshimiwa. Pasta alikuwa anaiombea ndio tushinde kesi."

ANAIOMBEA! Kesi yote, karatasi imelala kanisani! Na alijua!

Hakimu akavua miwani. Akamwambia korti inaweza kuangalia hukumu yake upya ukileta kitu kipya, kitu ambacho hata ungetafuta vipi hungekipata. "Hii ulijua iko wapi. Hata kama nilikosea, siwezi kusikiliza rufaa ya kesi yangu mwenyewe. Nenda korti ya juu."

Unadhani alinyamaza? "Lakini ni wewe uliandika, mheshimiwa. Kalamu si hiyo hapo? Futa tu!"

Korti nzima ilicheka. Mimi niliinamia viatu vyangu.

Sasa ana siku thelathini kuanzia leo za kukata rufaa. Thelathini, Ndinda. Namwambia tutafute wakili leo, ananiangalia kama mpagani. Pasta alikuwa anamngoja hapo nje, na agrimenti imesharudi kwake.

Wameanza maombi ya kufunga. Siku arobaini.