Mbuzi wa Shukrani Asichinjwe

Mwingi, Jumanne

Mama Nduku wangu,

Nakusalimia kwa jina la Bwana, wewe na Nduku, na Mwaitu na magoti yake. Je, mama yangu siku hizi anaweza kuchuchumaa, ama bado anapigana na mbuzi wa maziwa akiwa amesimama? Mimi mwili uko sawa. Barua yako imefika, na nimefurahi kusikia kunde zimetoka.

Lakini pale uliposema mwisho wa mwezi mtafanya maombi ya shukrani, ati pastor ameshakubali na yule beberu mweupe amefungwa kando anenepe, ilibidi niketi. Mama Nduku, msimchinje. Wacha nikueleze, na usinikasirikie kabla hujamaliza kusoma.

Unazijua zile ng'ombe mbili za Tseikuru. Tajiri wangu wa wakati ule alinituma nizilete Mwingi, nikazileta, kumbe hazikuwa zimeuzwa. Mwenye ng'ombe akapiga ripoti, tajiri akaapa hanijui, nikabaki mimi na kamba mkononi. Shahidi wao ni mmoja tu, mtu wa kuchunga aliyeniona nikizivusha mto. Ukame ulimhamisha huyo, akaenda mbali na mifugo kutafuta nyasi. Kesi ikaitwa mara tatu, hayuko. Mara ya nne prosekuta, yule wa upande wa polisi, akasimama, akaongea kizungu kirefu, na mkalimani akaniambia, "Polisi wanataka kuondoa kesi. Unapinga?"

Sasa mimi ningepinga nini? Mtu anakufungulia mlango, unamwambia afunge? Niliinama nikasema, "Sipingi, mheshimiwa. Asante sana. Mungu akubariki." Watu kwa benchi walicheka. Hakimu akaandika, akasema neno moja ninalolijua: disichaji. Si ndilo lile Mwaitu aliandikiwa hospitalini siku ya kutoka? Mimi huyo mbio, nikakuandikia siku hiyo hiyo kwamba nimeshinda. Mjinga kabisa!

Wiki jana nilikuwa hotelini nikinywa chai na Mzee Muli, karani wa wakili mmoja hapa. Nikamsimulia ushindi wangu nikijigamba. Akaweka kikombe chini.

"Ulisema asante?"

"Nilisema."

"Wee! Ungesema unapinga. Ungesema uko tayari, kesi iendelee leo leo. Hakimu ana uwezo wa kuwakatalia, na bila shahidi angekuachilia kabisa, hiyo kesi isikuguse tena mpaka ufe. Sasa umeruhusiwa tu kwenda. Wakimpata mtu wao, wanakushika kwa kosa lile lile."

"Lakini hakimu alisema disichaji."

"Kwani mamako akitolewa hospitalini, ugonjwa haurudi?"

Na kweli ulirudi. Unakumbuka.

Na hiyo mvua mnayoifurahia huko Kasikeu imenyesha Tseikuru pia. Nyasi imeota. Madereva wa malori wanasema watu wa mifugo wanarudi, makundi kwa makundi. Kila mtu hapa anashukuru, mimi peke yangu nikiona wingu naangalia barabara ya Tseikuru. Jana yule koplo wa kortini, ambaye kila asubuhi hunitania akiniita Mshindi, alipita hapa dukani ninapofanya kibarua, nikishusha magunia. Hakunitania. Aliniuliza tu kama bado nalala chumba kile kile.

Naogopa, Mama Nduku. Sikuiba, unajua sikuiba, lakini yule shahidi akisema aliniona na ng'ombe atakuwa anasema ukweli. Na hizi kesi za mifugo ukifungwa, unarudi ukute Nduku ana watoto wake.

Usiniambie nikimbie. Nikikimbia nimekubali. Na nikija nyumbani watanishikia huko huko kanisani, mtoto akiangalia, na nyama iko motoni. Afadhali hapa. Kesho Mzee Muli atanipeleka kwa wakili wake, pengine kuna njia, halafu nipitie posta.

Nisalimie Mwaitu, umwambie kazi ni nyingi, basi. Ndugu yangu mkubwa fundi wa baiskeli aniangalizie shamba la chini. Pastor mwambie aombe, lakini asilitaje neno shukrani. Na Nduku aendelee kusoma kwa sauti, babake amesema.

Bahasha nimeiacha bila anwani, nitaiandika mwenyewe nikiwa posta. Mwandiko wangu mbaya unaujua, na ile K ya Kasikeu inayolala kama mlevi. Ukiiona hiyo K, ujue nilifika.

Ni mimi wako,
Baba Nduku

*

Mama Nduku, mimi ni Halima, mke wa mwenye duka. Anwani nimeandika mimi. Walikuja asubuhi kabla hajatoka. Koplo alipomfungulia mlango wa gari, Baba Nduku alisema asante.