Maneno ya Kichina Kwenye Mbao za Beda

Guangzhou

Dada Eliza,

Shikamoo. Goti linaendeleaje? Na mama, analala vizuri siku hizi? Mimi mzima, ila baridi imenikaa kifuani na nimezoea kunywa maji ya moto kama wenyeji.

Nimengoja mzigo wa mteja mmoja upakiwe bandarini Nansha ndipo nikuandikie. Miezi miwili iliyopita alikuja mteja huyo hapa mtaani Xiaobei akitafuta mkalimani wa kumpeleka kiwanda cha mbao za kupandia mawimbi. Alikuwa Beda. Hakunitambua, sasa nina ndevu na kitambi.

Mimi nilimwona vilevile alivyokuwa Kigamboni, maji kiunoni, anatetemeka, wewe umemshika mkono. Dada, siku zile zilikuwa tamu. Mchezo wenyewe hatukujua unaitwaje. Tulikuwa na mlango wa banda la kuku la baba, basi, na wewe ndiye uliyesimama juu yake kwanza, wimbi likakuleta mpaka mchangani, mama akadhani umepandwa na mashetani. Baadaye Beda akapata wafadhili, akazungusha uzio pale ufukweni, akawa anawaambia wageni kwamba yeye ndiye mwanzilishi wa mchezo. Ulipokwenda kumsalimu, akamtuma mlinzi: "Mama, hapa ni kwa wanachama." Ulinisimulia ukicheka. Mimi sikucheka.

Kiwandani, laoban, yaani bosi, mama mmoja mchangamfu, aliuliza nani alimfundisha Beda.

"Mwambie nilijifunza mwenyewe," Beda akasema.

Nikamwambia kwa Kichina, "Alifundishwa na dada mmoja, Eliza. Huyu alikuwa anaogopa maji."

Yule mama akacheka sana. Beda akadhani anasifiwa, akatanua kifua.

Kisha, ili kuwavutia wageni wa Kichina, akataka kila ubao uandikwe kwa lugha yao chini ya jina lake, "Mwalimu wa kwanza wa mawimbi." Nikaandika mimi: "Aliyenifundisha ni Eliza." Alipoletewa ubao wa mfano akazipapasa zile herufi, akasema, "Safi sana, kaka."

Najua utaniambia nimsamehe. Bado. Wachina wamejaa Dar siku hizi, na ipo siku mmoja atamuuliza mbele ya wageni wake, huyu Eliza ni nani. Sijui atajibu nini. Ila jina lako litakuwa limetajwa ndani ya uzio wake.

Nisalimie mama, shemeji na useremala wake, na shangazi wa Temeke aliyenishonea shati la safari. Mwambie bado linanitosha mabegani tu.

Ni mimi mdogo wako, mwenye kinyongo na afya njema,

Gervas