Sikufiwa, Nilikwenda Kutembea

Kwa Masele wa Mabula,
Kijiji cha Didia,
Shinyanga.
14 Septemba, 1954.

Mpendwa mjukuu na mke mwenzangu Bernadina,

Marahaba. Najua umeniamkia kabla hujafungua bahasha, maana marehemu mama yako alikulea vizuri. Hujambo? Kile kifua kilichokusumbua wakati wa kipupwe kimepona? Huko hospitali mnakula ugali wa kushiba, au na ninyi wauguzi mnanyweshwa uji wa wagonjwa?

Mimi huku ni mzima. Rudia kusoma hapo. Mzima, na meno yangu kumi na moja, na asubuhi hii nimekula kiporo kwa maziwa ya mgando. Nasema hivi kwa sababu baba yako mdogo Masele alikuandikia Alhamisi kwamba nimekufa. Sijafa. Kama barua yake imekufikia kwanza, futa machozi. Kama hii imetangulia, ile ikija washia moto.

Anayeniandikia ni Euphrasia, mke wa katekista. Ameshaniomba mara mbili nipunguze ukali. Nimemwambia nimemwita kuandika, sikumwita kuniombea.

Ninajua Masele ameandika nini zaidi, kwa sababu nimemtoa maneno mwenyewe. Amekuagiza uache kazi, urudi Didia ushike nyumba yangu, na Athanas wa Ushetu alete watu wake wa posa mwezi ujao. Huyo Athanas ana shamba la tumbaku na baiskeli yenye kengele mbili. Sina ugomvi naye, ila kabla ya kucheka humtazama kwanza Masele kama amecheka. Na ile likizo yako, uliyoomba ruhusa upande treni peke yako mpaka Kigoma ukalitazame ziwa, Masele anasema sasa haina maana, kwa kuwa tuna msiba.

Msiba upi? Usije.

Sasa nikueleze ilivyokuwa, upate cha kuwajibu.

Unamkumbuka babu yako Mabula baada ya mavuno, amekaa kwenye kigoda, majirani wamemzunguka. Safari yake ya Geita aliyokwenda ujanani aliisimulia miaka thelathini. Pori la Runzewe lina mnyama anayemwita msafiri kwa jina la mama yake, na ukiitika umekwisha. Mlima wa Geita unawaka usiku kucha. Wanaume wote wanatikisa vichwa, na mimi niko jikoni nawakaangia karanga. Nilipomwomba anipeleke, aliniambia mwanamke hafiki. Nikaamini. Mjinga mimi, nilikaanga karanga za miaka thelathini kwa ajili ya mnyama huyo.

Mwaka huu, matanga yake yamekwisha zamani na mtama uko kihengeni, nikafunga michembe yangu ya viazi vikavu kwenye kitambaa nikamwambia Masele naenda Geita.

“Mama, Geita umefiwa na nani?”

“Sijafiwa.”

“Basi kuna mgonjwa.”

“Hakuna mgonjwa.”

“Unafuata mganga?”

“Nakwenda kutembea.”

“Kutembea ndiyo nini?” Alinitazama kana kwamba nimesema ng'ombe anakwenda kusali.

Na si yeye peke yake, mjukuu wangu. Katika nchi hii mwanamke mzee akionekana barabarani na kifurushi, watu wanatafuta maiti. Pale Kahama utingo wa lori alinivulia kofia. “Pole na msiba, mama,” akasema, akamshusha kijana mmoja aliyekaa mbele na dereva ili nikae mimi. Pole niliikataa. Kiti nikakikubali.

Tukaingia pori. Nilikaa kimya nikisikiliza kama naitwa. Tukafika penye kizuizi, lori likasimama, akaja mtu wa serikali ameshika wavu mdogo kama wa kuvulia dagaa. “Geuka, bibi.” Nikageuka. Akapiga wavu mgongoni kwangu, akatoa mbung'o watatu, akawatia kwenye chupa. Ndiyo hivyo. Mnyama wa babu yako anaingia kwenye chupa. Anauma, sikatai, na ugonjwa wake si wa mzaha, lakini jina la mama yangu halijui.

Runzewe lori lilivunjika springi, tukakaa siku mbili. Kuna mgahawa wa mzee mmoja Mwislamu, Akida, na mkewe Tabu. Niliagiza kuku mzima. Tabu akauliza nina wageni wangapi. Nikamwambia mgeni ni mimi. Nilipofika kwenye firigisi, mkono ulisita wenyewe, ukitafuta mwanamume wa kumpa. Hakukuwa na mwanamume. Nikaila, Bernadina. Tangu niolewe nimemtengea babu yako firigisi pembeni ya sahani kama zaka, na kumbe ni kinyama kigumu tu, kitamu, kinachotafunika vizuri kwa meno kumi na moja.

Tabu alikaa nami tukapiga soga. Aliposikia natoka Didia akasema, “Zamani tulikuwa na Mabula wa Didia hapa, kijana asiye na kidole cha mwisho mkono wa kushoto.”

Nikaacha kutafuna. “Alipita kwenda Geita,” nikasema.

“Geita wapi! Huyo alikaa kwangu masika nzima akinitwangia mtama. Kila msafara wa Geita ukija, tumbo linamuuma. Mvua zilipokwisha akarudi kwao. Lakini kutwanga alijua, Mungu ambariki.”

Nilicheka mpaka nikashika meza. Mabula! Aliyekuwa akikaa mlangoni akisubiri maji ya kunawa, kumbe mchi aliujua. Tabu aliponiuliza ni nani yangu, nikamwambia jirani. Baadaye, peke yangu, kicheko kiliniisha. Mtu aliogopa, akalala na hofu yake ubavuni mwangu miaka yote ile, akaona heri anitishe mimi kuliko kuniambia. Angeniambia ningemshika mkono tukaenda wote. Mjinga yule. Nampenda bado.

Nakuambia wewe kwa kuwa tumeolewa mume mmoja, na mke mwenza ana haki ya kujua. Masele hajui, na hatajua kwangu wala kwa Euphrasia.

Geita nikafika. Mlima hauwaki. Kuna taa za mgodi, na mashine ya kusaga mawe inayopiga kelele mchana na usiku kama wanawake mia wanatwanga bila wimbo. Dhahabu nimeiona. Mchimbaji mmoja alinionyesha kwenye kiganja, vijichembe kama pumba za uwele, na kwa ajili ya hivyo wanaume wazima wanaingia shimoni kama panya, wakitoka wanajiita matajiri mpaka Jumapili jioni. Nikamwambia afadhali pumba, kuku wanakula. Akacheka, akaninunulia kitumbua.

Nilipanga kwa mjane mmoja muuza vitumbua. Niliamka nilipotaka. Hakuna aliyeniuliza chumvi iko wapi. Nilikula sato wa ziwani mpaka nikawajua mifupa yao. Jumapili kulikuwa na ngoma, watu wa makabila yote, na sikukaa na wazee kupiga makofi. Nilicheza. Magoti yalinilaumu siku mbili, nikayaambia yazoee.

Kosa langu nalisema mwenyewe: niliaga siku kumi na nne, nikakaa mwezi na nusu. Sikutuma salamu. Nilisahau kuhesabu siku, jambo ambalo halijawahi kunitokea tangu nivunje ungo.

Sasa sikia wanaume wa ukoo wako. Siku zilipopita, je, walituma mtu Kahama kuuliza? Walipanda lori hata mmoja? Walikaa kikao. Masele akasimulia hadithi ya baba yake, wote wakatikisa vichwa, wakakubaliana kwamba nimeitwa kwa jina la mama yangu nikaitika. Wakanyoa vichwa. Wakachinja dume langu jeusi.

Nilishuka barabarani Ijumaa alasiri, nasikia kilio kinatoka kwangu. Nikaongeza mwendo, nikidhani ni mtoto wa Masele. Nikajitanda khanga, nikapenya katikati ya wanawake wa Tinde wasionijua, nikapewa bakuli la nyama. Nikauliza nani amefariki.

“Bibi Mageni, mama yake Masele.”

“Masikini. Amekufa na nini?”

“Ujeuri, mayu. Alikwenda kutembea.”

Nikaila ile nyama. Ilikuwa yangu, na walikuwa wameiunguza. Kisha nikavua khanga kichwani nikasema kwa sauti, “Marehemu anaomba chumvi.”

Usiniulize mbio zilizopigwa. Mzee wa ukoo mwenyewe, anayetembelea fimbo, fimbo aliiacha. Masele alibaki amesimama na kipara chake. Unajua aliniambia nini? “Mama, umetuaibisha. Watu wametoka mbali.” Watu wametoka mbali! Nilitakiwa nife kwa heshima ya wageni.

Nilimtukana mpaka mate yakanikauka. Kisha nikamkosa, nikamkuta nyuma ya kihenge, ameinama, analia kweli kama alivyolia akiwa mdogo akipoteza mbuzi. Nikampiga kofi moja kwenye kile kipara, nikamshika, tukakaa hapo. Ananipenda. Lakini kunipenda kwao ni kwa namna moja tu: nikae mahali wanaponiona, hata kama mahali penyewe ni kaburini.

Jana wamekaa kikao kingine. Wamesema sitatoka tena Didia bila mtu wa kunisindikiza, na kwamba wewe uje vilevile, maana Athanas ameshaambiwa, na barua imeshakwenda. Niliwauliza ninyi mtakaonisindikiza mmefika wapi. Wakajibu, “Baba alifika Geita.” Euphrasia ni shahidi, maneno yalinijia mpaka kwenye meno. Nikayameza. Mtu asiye na mwingine wa kumtukuza, siwezi kumvulia baba yake nguo hadharani. Ila niliwaambia hivi: Bernadina akija, atanikuta sipo, nitakuwa Runzewe nakula firigisi. Nikaingia ndani nikafunga kifurushi, nikakiweka mlangoni wakione. Kipo hapo hadi sasa, na kila anayeingia anakiruka.

Barua hii anaichukua kwa mkono Selestine wa reli, anayepanda treni ya leo kuja Tabora, ili isipite mikononi mwa Masele. Mrudishie yeye jibu. Kazi usiache. Athanas mwandikie mwenyewe, kwa adabu, maneno machache. Na siku ya likizo ikifika, panda treni ya Kigoma. Kaa dirishani. Chukua michembe ninayokutumia. Kuku ukimnunua, firigisi ni yako.

Salamu kwa wauguzi wenzako, na mwambie yule Generosa anayelala kitanda cha pili aache kukutisha na habari za mamba. Nisalimie pia shangazi yako Esta huko Tabora, mwambie kama ameshanyoa nywele kwa habari za Masele, zitaota, asinilaumu mimi. Euphrasia anakusalimu, na amekataa kuandika salamu yangu kwa mzee wa ukoo.

Mwenyezi Mungu na wazee wetu waliotangulia, pamoja na yule mtwanga mtama, wakufungulie njia, wakurudishe na vumbi la mbali miguuni.

Na treni ikianza kuondoka, mtu akakutazama msichana uliye peke yako na kifurushi, akasema, “Pole, dada, umefiwa na nani?” mjibu, “Na bibi yangu. Tumeshamlia. Yuko nyumbani, amefunga mzigo.”

Ni mimi mke mwenzako, nikupendaye nikiwa hai,

Bibi Mageni